Vyura wadogo kama punje ya mahindi wapata jina huku misitu yao ikiyoyoma

UKIMWONA chura aitwaye Mini mum kwa mara ya kwanza, huenda ukadhani ni mdudu aliyetua juu ya jani kavu. Dume aliyekomaa ana urefu wa milimita 9.7 pekee kutoka ncha ya pua hadi mwisho wa kiwiliwili, naye jike hufikia milimita 11.3. Upana wa sarafu ya shilingi moja ya Kenya ni zaidi ya mara mbili ya urefu wa dume huyo. Hata punje moja kubwa ya mahindi inamtosha kuwa kiti.

Chura huyu na jamaa zake wawili walitambulishwa rasmi kwa ulimwengu wa sayansi mnamo Machi 27, 2019, katika jarida la PLOS ONE. Kundi la watafiti waliowaeleza liliongozwa na Mark Scherz, ambaye wakati huo alikuwa mwanafunzi wa uzamifu mjini Munich, Ujerumani. Miongoni mwa wenzake walikuwemo Frank Glaw na Miguel Vences, mabingwa waliotumia miaka mingi kuchunguza vyura na wanyama watambaao wa Madagaska, pamoja na mwanasayansi mzaliwa wa kisiwa hicho, Andolalao Rakotoarison.

Vyura hao watatu hawakuwa spishi mpya tu. Walipolinganishwa na vyura wote waliojulikana, ilidhihirika kwamba hawakuwa na kundi la kuingizwa. Ikawalazimu watafiti kuwaundia jenasi yao wenyewe, nayo wakaiita Mini.

Makao yao ni misitu ya kusini mashariki mwa Madagaska, kisiwa ambacho Waswahili wa kale walikiita Bukini. Lakini jina hilo limewafikia viumbe hawa kwa kuchelewa. Misitu wanamoishi imekatwakatwa ikabaki vipande, na kwa mnyama asiyeweza kuvuka shamba lililo wazi, kipande kimoja cha msitu ndicho dunia yake yote.

Maana ya jenasi

Katika elimu ya viumbe, kila mnyama hupewa jina lenye sehemu mbili. Sehemu ya kwanza ni jenasi, ambayo yaweza kufananishwa na jina la ukoo, na ya pili hutambulisha spishi, mfano wa jina la mtu binafsi. Simba huitwa Panthera leo na chui huitwa Panthera pardus. Majina hayo yaonyesha kwamba wanyama hao wawili ni wa jenasi moja. Duma, ingawa kwa macho anafanana na chui, amewekwa katika jenasi nyingine kwa sababu nasaba yake ni tofauti.

Kwa hivyo, kupata spishi mpya ni kama kumgundua mtoto ambaye hakuwa ameandikishwa katika familia inayojulikana. Kupata jenasi mpya ni jambo zito zaidi, kwani ni sawa na kugundua kwamba kulikuwepo ukoo mzima ambao hakuna aliyekuwa na habari nao.

Watafiti hawa walitia mzaha kidogo katika kazi yao. Majina ya vyura hao ni Mini mum, Mini scule na Mini ature. Yakisomwa kwa pamoja bila kituo, la kwanza huzaa neno la Kiingereza lenye maana ya kiasi cha chini kabisa, la pili hulikaribia neno la kitu kidogo mno, na la tatu ni neno la umbo lililopunguzwa. Sheria za kimataifa za kutoa majina ya wanyama haziukatazi mchezo wa aina hiyo, mradi jina liwe halijatumiwa na mnyama mwingine.

Mini scule naye ana urefu wa kati ya milimita 8 na 11. Mini ature ndiye mkubwa wao, kwani hukaribia milimita 15. Hata huyo, ambaye kwa wenzake ni kama jitu, hawezi kuufunika ukucha wa kidole gumba cha mtu mzima.

Sababu ya kutojulikana

Msomaji anaweza kuuliza iliwezekanaje ukoo mzima wa wanyama wenye uti wa mgongo uishi hadi mwaka wa 2019 bila kutambuliwa. Jibu la kwanza ni mahali wanapoishi. Vyura hawa hukaa chini ya majani yaliyodondoka na kukauka katika sakafu ya msitu, na rangi yao ya kahawia huwaficha humo. Mtu anaweza kupita hatua moja kutoka walipo asiwaone.

Jibu la pili ni gumu zaidi. Vyura wanapopungua ukubwa katika safari ndefu ya mageuzi, huishia kufanana hata kama asili zao ni mbalimbali. Kichwa na macho huwa makubwa yakilinganishwa na mwili, na vidole hupungua au kufupika. Mara nyingi mtu mzima hubaki na sura ya mtoto. Ndiyo maana kwa muda mrefu vyura wengi wadogo wa Madagaska walidhaniwa kuwa wa jenasi moja iitwayo Stumpffia.

Jenasi hiyo yenyewe ilikuwa imewaficha wengi. Mnamo 2017, Rakotoarison na wenzake walieleza spishi mpya 26 za Stumpffia kwa mpigo mmoja.

Ili kuutenganisha ukoo wa Mini na Stumpffia, watafiti walitumia njia mbili. Kwanza walichunguza chembechembe za urithi, zile ambazo hutumiwa pia mahakamani kuthibitisha mzazi wa mtoto. Pili walitumia mashine za eksirei zinazopiga picha nyingi za mwili kutoka kila upande na kuziunganisha kuwa umbo kamili la mifupa. Kwa njia hiyo, mifupa ya chura mdogo kuliko ukucha ilionekana waziwazi bila mwili kupasuliwa.

Matokeo yake yalishangaza. Vyura wa Mini, pamoja na kufanana mno na wale wa Stumpffia, walikuwa wa tawi jingine. Udogo wao haukuwa urithi kutoka kwa babu mmoja aliyekuwa mdogo. Koo mbalimbali zilikuwa zimeufikia udogo huo kila moja kwa njia yake, kama wasafiri waliotoka miji tofauti wakakutana katika soko moja.

Katika utafiti huohuo walielezwa vyura wengine wawili wadogo wa koo nyingine. Anodonthyla eximia alipatikana Ranomafana, mashariki mwa kisiwa. Ndugu zake wengi hupanda miti na mawe, lakini yeye ni mdogo kuwaliko wote na huishi ardhini. Jambo hilo liliwafanya watafiti waone uwezekano wa kuwepo uhusiano kati ya kupungua mwili na kuishi katika majani ya sakafu ya msitu. Wa pili, Rhombophryne proportionalis, alitoka katika milima ya Tsaratanana kaskazini mwa kisiwa. Huyu hakubaki na sura ya kitoto kama wengine, bali viungo vyake vimepungua kwa uwiano, mithili ya picha ya chura mkubwa iliyopunguzwa.

Vyura wote hawa ni wa familia iitwayo Microhylidae, ambayo ina wawakilishi katika mabara kadhaa. Hata Kenya yupo mmoja wao, chura mweusi mwenye mistari myekundu ajulikanaye kwa wataalamu kama Phrynomantis bifasciatus.

Faida na gharama za udogo

Udogo una faida zake. Sakafu ya msitu imejaa utitiri, sisimizi na wadudu wengine ambao chura mkubwa hawajali. Chura mdogo hupata humo chakula ambacho wengi hawakigombei, na nafasi iliyo chini ya jani moja humtosha kuwa nyumba na maficho.

Hata uzazi waweza kufanywa bila bwawa. Katika kundi la vyura wa Madagaska ambalo Mini wamo, viluwiluwi hawali chochote. Huishi kwa akiba ya kiini cha yai mpaka wanapogeuka kuwa vyura kamili. Baadhi ya spishi za kundi hilo huyatunza mayai katika matundu yenye maji kidogo au katika povu.

Hata hivyo, udogo una gharama. Maji yaliyomwagika sakafuni hukauka haraka kuliko yaliyo ndooni, na ndivyo ilivyo kwa miili. Kadiri mnyama anavyokuwa mdogo, ndivyo ngozi yake inavyokuwa kubwa ikilinganishwa na kiasi cha maji kilicho mwilini. Ngozi ya chura hupitisha maji, hivyo chura wa milimita 10 akitupwa penye jua kali hana muda mrefu wa kuishi. Majani yenye unyevu ndiyo yanayomfunika, yanayompoza na yanayomnywesha.

Gharama nyingine ilionekana kwa vyura wadogo wa Brazil wa jenasi ya Brachycephalus. Utafiti uliochapishwa mwaka wa 2022 ulionyesha kwamba vyura hao huruka vizuri lakini hawajui kutua. Hupinduka hewani na kuanguka vibaya. Sababu iliyotolewa ni kwamba mirija ya sikio la ndani, ambayo humwezesha mnyama kujua mwili wake umeelekea wapi, imekuwa midogo mno kiasi kwamba maji yaliyomo hayasogei inavyotakiwa.

Brazil hiyohiyo ndiyo yenye chura anayeshikilia rekodi ya udogo. Brachycephalus pulex alielezwa kwa mara ya kwanza mwaka wa 2011, na mwaka wa 2024 watafiti walitangaza kwamba walikuwa wamempima dume aliyekomaa mwenye milimita 6.45. Kabla ya hapo sifa hiyo ilikuwa ya Paedophryne amauensis wa Papua New Guinea, aliyetangazwa Januari 2012, ambaye kwa wastani ana milimita 7.7. Huyu aligunduliwa kwa sauti. Watafiti walisikia mlio mwembamba kama wa mdudu, wakashindwa kumwona mwenye kulia, na mwishowe wakalazimika kuzoa majani kwa mikono, kuyatia katika mfuko wa plastiki na kuyapekua moja baada ya jingine.

Kwa hiyo Mini mum si mdogo kuliko wote duniani, bali ni mmoja wa kundi dogo la wanyama waliofika karibu na kikomo. Kinachoonekana ni kwamba wanyama wadogo kabisa wenye uti wa mgongo wameibuka mara kwa mara katika mazingira yaleyale: misitu ya nchi za joto na majani yake mabichi kwa unyevu.

Misitu mitatu

Madagaska ina ukubwa unaokaribiana sana na ule wa Kenya, lakini imetengwa na bara la Afrika kwa mamilioni mengi ya miaka. Kutokana na upweke huo, zaidi ya spishi 350 za vyura zimeelezwa kisiwani humo na karibu zote hazipatikani kwingineko. Wakati huohuo, uchunguzi uliochapishwa mwaka wa 2018 ulikadiria kwamba kisiwa kilipoteza asilimia 44 ya misitu yake ya asili kati ya 1953 na 2014.

Sehemu kubwa ya uharibifu huo hutokana na kilimo cha kufyeka na kuchoma, ambacho wenyeji hukiita tavy. Mkulima hukata miti, huchoma moto, hupanda mpunga kwa misimu michache, kisha udongo ukichoka husogea mbele. Si haki kumwona mkulima huyo kama adui. Wengi wao ni watu maskini wenye watoto wa kulisha, wala hawana mbolea wala ardhi nyingine. Lakini chura wa majani hawezi kusogea mbele pamoja na msitu unaorudi nyuma.

Mini mum anatoka Manombo, hifadhi iliyo karibu na mji wa Farafangana katika pwani ya kusini mashariki. Manombo ni mojawapo ya masalio ya msitu wa mvua wa tambarare katika eneo hilo, ambako ardhi ya kulimika imekwisha kufyekwa kwa kiasi kikubwa. Mnamo Januari 1997 kimbunga kilichoitwa Gretelle kiliupiga msitu huo na kuangusha miti mingi mirefu. Msitu mpana huweza kujiponya baada ya pigo la namna hiyo, lakini kipande kilichozungukwa na mashamba hakina mahali pa kupokea wakimbizi wake.

Mini scule ni mkazi wa Sainte Luce, kaskazini mwa mji wa Tolagnaro. Msitu huu unaota juu ya mchanga kando ya bahari, nao umebaki vipande vipande. Wenyeji huutegemea kwa kuni, mbao na nyuzi za kusukia. Isitoshe, mchanga wa eneo hilo una madini ya titani, ambayo hutumiwa kutengenezea rangi nyeupe ya kupaka nyumba na karatasi. Uchimbaji wa madini hayo ulianza Mandena, katika eneo hilohilo la pwani, na Sainte Luce imewahi kuwekwa katika mipango ya upanuzi wake.

Mini ature ndiye aliye na makao yenye ulinzi mkubwa zaidi kwa mujibu wa sheria. Anatoka Andohahela, mbuga ya taifa inayoanzia katika milima yenye msitu wa mvua na kushuka hadi nyika ya miti ya miiba. Mbuga hiyo ni sehemu ya misitu ya Atsinanana, ambayo shirika la UNESCO liliiweka katika orodha ya urithi wa dunia mwaka wa 2007. Mwaka wa 2010 misitu hiyo iliingizwa katika orodha ya urithi ulio hatarini kwa sababu ya ukataji haramu wa miti na uwindaji, nayo ikaondolewa humo mwaka wa 2025. Hiyo ni dalili kwamba jitihada za ulinzi huzaa matunda zikifanywa kwa miaka mingi mfululizo.

Kazi ya jina

Wapo watakaouliza faida ya kuwapa majina vyura ambao hata wenyeji wa kisiwa hawawaoni. Jibu ni kwamba mnyama asiye na jina hana haki mbele ya karatasi. Hawezi kuingizwa katika orodha ya kimataifa ya viumbe walio hatarini, hawezi kutajwa katika ripoti ya athari za mradi kwa mazingira, na mwekezaji hawezi kuulizwa atamfanyia nini. Msitu ukifyekwa, hutoweka bila hata kuandikwa kwamba alikuwepo.

Afrika Mashariki ina ushahidi wake. Huko Tanzania, chura mdogo wa Kihansi, Nectophrynoides asperginis, aligunduliwa mwaka wa 1996 wakati mradi wa umeme wa maji ulikuwa tayari unaendelea. Makao yake yalikuwa eneo dogo lililolowanishwa na rasharasha za maporomoko. Maji yalipoelekezwa kwenye mitambo, makao hayo yalikauka, na ugonjwa wa kuvu nao ukapatikana miongoni mwa vyura hao. Mwaka wa 2009 alitangazwa kuwa ametoweka katika mazingira ya asili. Aliyemwokoa ni jina lake: kwa kuwa alikuwa amejulikana, mamia walipelekwa mapema katika bustani za wanyama nchini Marekani wakazaliana huko, na kuanzia 2012 vizazi vyao vilianza kurudishwa Kihansi.

Tanzania pia ndiko alikopatikana chura wa milima ya Ukaguru ambaye jenasi yake mpya, iliyotangazwa mwaka wa 2002, ilipewa jina la Kiswahili. Anaitwa Churamiti maridadi.

Kenya nayo haikuachwa nyuma. Mwaka wa 2009 vilima vya Taita vilimtoa Callulina dawida, chura aliyepewa jina la wenyeji wa vilima hivyo na ambaye huishi katika vipande vya msitu vilivyobaki katikati ya mashamba. Mwaka wa 2023, kundi la watafiti akiwemo Mkenya Patrick Malonza lilitangaza jenasi mpya kutoka Mlima Kenya, nayo ikaitwa Kenyaphrynoides. Katika misitu ya pwani, kuna chura mdogo aitwaye Mertensophryne micranotis, ambaye hutaga mayai katika maji yaliyokusanyika ndani ya matundu ya miti na makombe ya konokono.

Wahenga walisema mdharau mwiba mguu huota tende. Vyura hula wadudu na huliwa na ndege na nyoka, hivyo wakipungua mnyororo mzima huyumba. Zaidi ya hayo, ngozi yao laini huwafanya wawe wa kwanza kuhisi ukavu, sumu na maradhi. Mahali ambapo chura wa majani bado anaishi, unyevu wa msitu haujakatika, na chemchemi zinazotoka katika msitu huo bado zina matumaini.

Kwa vyura wa Mini, ulinzi hauhitaji ua wa chuma wala walinzi wenye bunduki pekee. Wanachohitaji ni miti iachwe isimame, majani yaachwe yadondoke, na yaliyodondoka yasichomwe moto. Kwa Mini mum na Mini scule, hifadhi ya kipande kimoja cha msitu kwa kila mmoja ndiyo itakayoamua kama majina waliyopewa mwaka wa 2019 yatabaki ya viumbe walio hai.